Vidonge Sita Kwenye Pindo

Tarehe 2 Februari

Mwanangu Kwanini,

Barua yako imefika Jumanne. Nimeisoma mara tatu: ya kwanza haraka haraka nione kama kuna ugonjwa, ya pili polepole nione kama umenificha ugonjwa, ya tatu ndipo nikasoma ulichoandika. Mwandiko wangu uuvumilie. Mimi darasa la nne niliishia mlangoni, unajua. Mwalimu mstaafu wa nyumba ya tatu alijitolea kuniandikia, nikamwambia asante, mambo yangu na mwanangu hayahitaji karani.

Kazi ipo. Shule ya wasichana imeagiza masweta ya kijani, na mashine ya kufumia inakwama mkono wa kushoto kama kawaida yake. Fundi Vifungo bado tunachangia naye chumba, yeye dirishani na mikebe yake ya vifungo na zipu, mimi huku nyuma na sufu yangu. Jana alimweleza mteja mmoja, mjenzi, kwamba binti wa Mama Kwanini yuko kisiwani anatafuta nondo. Yule mjenzi akauliza, "Za milimita ngapi? Mimi nahitaji za kumi na mbili." Fundi Vifungo alicheka mpaka akapiga mkebe teke. Tuliokota vifungo hadi saa ya kufunga.

Mimi sikucheka sana. Miaka ishirini na minane napigana na hao wadudu. Nimewapiga kwa brashi, kwa jua, kwa pasi na kwa dawa. Wewe mwenyewe umelala mgongoni kwangu nikikung'uta sufu. Leo umevuka maji kwenda kuwatafuta, tena kwa heshima. Kama kuna mtu umemkosea huku, niambie tumalize.

Niandikie unakula nini, unalala wapi, na hilo paa linavuja kiasi gani. Usiseme "kidogo". Kidogo chako nakijua.

Mama yako


Tarehe 17 Februari

Mama, shikamoo.

Paa linavuja sehemu nne. Nimekupa idadi ili usiseme nimeficha. Kituo chenyewe ni vyumba viwili vya mawe na jiko la nje. Chumba kimoja nalala mimi na Mpishi, mwanamke mwenzangu, kingine ni cha kazi. Kwenye cha kazi kuna kabati la milango ya kioo, na hapo ndipo mahali pekee pakavu kisiwa kizima. Mpishi anasema akizaliwa mara ya pili anataka azaliwe ndani ya kabati hilo. Kuhusu kula usiwe na wasiwasi. Mpishi akipakua mara ya kwanza ni chakula, mara ya pili ni amri.

Nondo wangu si yule wako, mama. Ni mdogo kama punje ya mchele, rangi ya majivu, na kwenye kila bega ana doa la njano kama kiraka. Hayupo popote duniani ila hapa, na hata hapa wengi hawajawahi kumwona. Miaka sitini iliyopita mtu mmoja aliwakamata wanne, akawakausha, akaandika nusu ukurasa, basi. Hakuandika viwavi wake wanakula nini. Nimechunguza majani ya kila mmea wa kisiwa hiki na sijaona jino la kiwavi huyo hata kwenye moja.

Ila mwezi uliopita nilipata vifuko kumi na kimoja kwenye ufa wa ghala bovu kule kilimani. Kifuko ni ile nyumba anayojifumia kiwavi, akalala ndani yake, akatoka akiwa nondo. Nimevitia kwenye chupa, nimefunga kitambaa mdomoni wapate kupumua, nimeziweka kabatini. Wakitoka wakataga, nitajua viwavi wao wanakula nini. Ofisi iliyonituma imenipa hadi mwisho wa Agosti. Nikiwaonyesha nondo walio hai, wanaozaana, kilima kitaachwa. Nikishindwa, kituo kinafungwa, narudi nyumbani, na kilima wanapewa wavunja kokoto. Nondo huyu hana kilima kingine.

Upepo wa hapa una meno. Lile sweta la kijivu limetoboka kiwiko, na maji ya kufulia ni ya shida, sina hakika mara ya mwisho kulifua ni lini, labda wiki tatu. Nimekuambia na hilo. Na wewe hali yako je, na kwa nini mashine inakwama mkono wa kushoto tu?

Kwanini


Tarehe 5 Machi

Mwanangu,

Wiki tatu hujafua. Nilimsomea Fundi Vifungo sentensi hiyo, akavua kofia kama yuko msibani.

Sweta hili ni rangi ya damu ya mzee, sufu nzito. Nimelifuma kwa mkono, si kwa mashine, ndiyo maana nimechelewa kukujibu. Viwiko nimevifuma mara mbili. Pindo la chini ni nene, usilifumue. Najua wewe ukiona kitu kinene unataka kujua ndani kuna nini, tangu ulivyoifungua ile saa ya marehemu baba yako. Humo nimekutilia kinga. Hutaiona, ila pua itakuambia, na baada ya siku mbili tatu utaizoea. Mtu anayeishi nyumba moja na nondo, tena na jasho la wiki tatu, hawezi kuachwa hivi hivi. Wenzangu huwapa watoto wao hirizi. Mimi wangu nimempa kitu kinachofanya kazi.

Kifurushi nimekishona kwa uzi wa gunia ili wadokozi wa njiani wachoke. Barua hii nimeitia ndani.

Habari ya kilima nimeielewa. Mungu atatenda analoona jema.

Mama yako


Tarehe 24 Machi

Mama, shikamoo.

Kifurushi kimefika. Nilikuwa kilimani siku nne, nimekikuta. Sweta limenikaa vizuri, mikono inafika panapotakiwa. Ahsante sana.

Vifuko havimo tena kabatini. Kazi inaendelea. Mvua ni nyingi. Mpishi anakusalimu. Nitaandika zaidi boti ijayo.

Kwanini


Tarehe 6 Aprili

Mwanangu,

Basi wameruka. Vifuko havimo tena kabatini! Nimemsomea Fundi Vifungo, nimemsomea mwalimu mstaafu, nimemsomea na mwenye duka la nyuzi ambaye hakuuliza. Mtaa mzima unajua mwanangu ametotoa nondo kumi na mmoja. Fundi Vifungo akasema, "Hongera, Mama Kwanini. Wajukuu kumi na mmoja kwa mpigo, tena wenye mabawa." Nikamwambia wajukuu wa aina hiyo wabaki huko huko, wasiniletee balaa kwenye sufu.

Lakini barua yako ni fupi mno. Niliigeuza nyuma nikidhani umeendelea. Mtu aliyefanikiwa haandiki mistari mitano. Nimefikiria mambo matatu, nakuandikia yote. La kwanza, unaumwa. La pili, kuna mwanamume. La tatu, unaumwa kwa sababu ya mwanamume. Chagua.

Na hukuniambia kama kinga ilifanya kazi. Nilikushonea kwenye pindo vidonge sita vya dawa ya nondo, vile vyeupe vikali ninavyotia kwenye magunia ya sufu. Kwa kawaida sweta moja kidonge kimoja. Wewe nikakuwekea sita kwa sababu wewe ni wangu. Vinanuka bado?

Mama yako


Tarehe 21 Aprili

Mama, shikamoo.

Siumwi. Mwanamume hakuna. Kisiwa kina wanaume tisa, wanane wana wake na wa tisa ana mbuzi.

Vidonge vilifanya kazi. Havinuki tena.

Huenda nikarudi nyumbani mwisho wa Agosti, au hata kabla. Usimwambie mtu bado. Ila kama juu ya godoro langu kuna nguo za wateja, anza kuzitoa taratibu.

Kwanini


Tarehe 4 Mei

Kwa Mpishi wa Kituo,

Mama mwenzangu, hunijui, lakini mimi nakujua kwa mapishi yako. Mimi ni mama wa huyo unayelala naye chumba kimoja. Nimeandika juu ya bahasha "Jikoni" ili isipitie mikononi mwake.

Mwanangu ameniandikia kwamba atarudi. Nimefua mapazia, nimetoa nguo za wateja, nimetandika. Halafu nikakaa juu ya kitanda hicho hicho nikaanza kulia, na sikujua ninalilia nini. Nimekaa na barua yake hadi nikapata. Huyu mtoto tulimwita Kwanini kwa sababu tangu aanze kusema hakuwahi kumaliza siku bila kuuliza. Kwa nini uzi una nyuzi ndani yake. Kwa nini maji ya sabuni hayana ladha ya sabuni mpaka uyanywe. Barua zake mbili za mwisho hazina swali hata moja. Hata hali yangu hakuniuliza. Mtoto wa namna hiyo akiacha kuuliza, jibu analo, na halimpendezi.

Niambie kilichotokea. Usinitafunie, meno yangu ninayo.

Mama Kwanini


Tarehe 19 Mei

Kwako Mama Kwanini,

Umesema nisikutafunie, basi shika.

Kifurushi chako kilifika siku ya mvua kubwa, mwanao yuko kilimani. Siku hiyo paa lilivuja sehemu saba. Nikasema kitu cha mama wa mtu hakiwezi kulowa mikononi mwangu. Nikakiweka ndani ya kabati la kioo, ubavuni mwa chupa zake, nikafunga mlango vizuri na ufunguo nikageuza. Harufu niliisikia, nikadhani ni ya mashine ya boti. Nilijiona nina akili.

Alirudi siku ya nne. Alipofungua kabati, harufu ilitoka kama mtu aliyekuwa anasubiri mlangoni. Wote kumi na mmoja walikuwa wamekufa humo humo kwenye vifuko. Alivipasua vinne kwa wembe kuhakikisha, vingine akaviacha. Kisha akakata uzi wa kifurushi, akasoma barua yako, akakaa sakafuni na lile sweta mapajani. Hakulia. Alisema, "Mpishi, mama asijue." Nikamuuliza, na mimi je, niliyefunga mlango? Akasema, "Wewe ulikikinga na mvua, yeye alinikinga na nondo. Nimlaumu nani hapo?"

Tangu siku hiyo anapanda kilimani kila asubuhi na kurudi mikono mitupu. Kwenye lile sweta lako alitoa vidonge akavitupa baharini, na kila wiki analifua, kwa maji haya ya shida, na kulianika kwenye upepo. Sasa halinuki kitu, na analivaa.

Kosa tumegawana, mama. Wewe uliweka sumu, mimi nikafunga mlango. Sikuandikii ili ulie. Nakuandikia kwa sababu binti huyu bado anakulinda, na kazi hiyo inamchosha kuliko kilima.

Mpishi

Hajui kama nimekuandikia. Akijua, nitasema wewe ndiye ulianza.


Tarehe 27 Mei

Mwanangu,

Usimkasirikie Mpishi. Nilimbana mimi.

Nimekaa na kalamu siku tatu. Nilitaka kuandika kwamba sikujua, na ni kweli sikujua. Lakini kuna jambo nililijua, na ndilo linanichoma. Tangu siku ile ulipoondoka gatini nimekuwa nikimwomba Mungu kazi yako ikwame. Si wewe uumie, hapana. Ikwame tu, urudi. Ulipoandika habari ya kilima nikakujibu Mungu atatenda analoona jema, na moyoni nilikuwa nimekwisha kumwambia jema ni lipi. Basi akanijibu, tena kwa mkono wangu mwenyewe. Sikutegemea angenisikiliza kiasi hicho.

Kitanda nimekitandika na siwezi kukiangalia. Nisamehe. Kama huwezi sasa, nisamehe baadaye, mimi nipo.

Nataka nikueleze kwa nini nilitia sita. Sijitetei. Ni kwa sababu uliandika hujafua. Nondo hagusi sufu safi, mwanangu. Huipita kama bwana mkubwa anavyompita maskini barabarani. Anachotaka ni kola, ni kwapa, pale palipoingia jasho na mafuta ya mwili. Sweta likivaliwa likafichwa chafu, hiyo kwake ni sherehe. Fundi yeyote wa sufu anajua. Nilipofikiria jasho lako la wiki tatu, nikaona mashimo.

Kuna na kitu kingine kinanizunguka kichwani. Labda ni upuuzi wa mtu wa darasa la nne. Wewe unatafuta kwenye majani. Lakini punje ya mchele, rangi ya majivu, anajifumia kifuko: mbona huyo anafanana na ukoo wa wangu? Na hawa wangu vifuko vyao nimevikuta kwenye masweta maisha yangu yote, na jambo moja halijawahi kukosea. Kifuko kina rangi ya nguo iliyoliwa. Akila sweta jekundu, kifuko chekundu. Akila la buluu, cha buluu. Kuna mama mmoja alikana kwamba nguo yake ndiyo iliyoniletea wadudu chumbani. Nikamwekea kifuko mezani, cha zambarau kama sweta lake. Akachukua mkoba wake akaondoka.

Vile kumi na kimoja vilikuwa rangi gani? Kama hukuvitupa, viangalie vimefumwa kwa kitu gani.

Mama yako


Tarehe 18 Juni

Mama, shikamoo.

Sikuvitupa. Mkono ulikataa, nikavifunga kwenye karatasi. Barua yako niliisomea gatini nikiwa nimesimama, na nilianza kukimbia kabla sijafika kwenye "Mama yako". Mpishi aliponiona nakuja mbio alidhani umekufa.

Vilikuwa vyeupe na kijivu. Miezi yote hiyo nilidhani ni vumbi la ghala. Nikaweka kimoja chini ya lenzi. Si jani, si pamba, si vumbi. Ni unyoya, mama. Vipande vya unyoya wa ndege, vimefumwa kimoja kimoja. Kule kilimani kuna ndege wa baharini wanaotaga mashimoni, chini ya mawe. Msimu wao ukiisha wanaondoka, wanaacha viota vichafu, vimejaa manyoya na mafuta. Tangu Januari nimevipita viota hivyo nikiwa nimeziba pua, nikienda kuchunguza majani safi. Mimi niliyesoma.

Mimi na Mpishi tulilala kifudifudi siku mbili nzima, mkono shimoni hadi begani. Mpishi aling'atwa na kitu ambacho hadi leo hatukijui, akakitukana, akaendelea. Tumepata viwavi thelathini na wanne, wazima.

Shida ni chakula. Viota ni vichache, nikichukua manyoya zaidi nitawamaliza wale niliokuja kuwaokoa. Nikasema nitawapa sufu. Nikawakatia kipande cha lile sweta lako jipya. Wakalipita, mama. Kama bwana mkubwa. Nimelifua mno. Nikawapa lile la kijivu lenye kiwiko kilichotoboka, ambalo nililitupa chini ya kitanda bila kulifua. Walianza na kola. Kutoka kola wakaenda kwapani. Mpishi alicheka mpaka akakaa chini. Sasa limebaki mkono mmoja na mgongo kidogo, na watu wa ofisi wanakuja mwisho wa Agosti. Una sufu yoyote iliyovaliwa? Unaweza kuipata upesi? Wateja hawatakushangaa ukiwaomba wasifue?

Habari ya ombi lako niliijua. Pale gatini ulinishika mkono kama mtu aliyeshika kuku asitoroke. Sikukasirika siku ile wala leo. Nilinyamaza kuhusu vidonge kwa sababu nilijua ukigundua, utaanza kuniandikia kwa uangalifu, kama unavyoandikia ofisi ya mtu. Hilo nisingeliweza.

Hali yako je? Mkono wa kushoto wa mashine bado unakwama? Na kwa nini hukuwahi kuniambia habari ya rangi ya vifuko?

Kwanini


Tarehe 4 Julai

Mwanangu Kwanini,

Umeuliza maswali sita. Nimeyahesabu, nikalala usingizi wa mtoto.

Sikukuambia kwa sababu hukuniuliza, na hukuniuliza kwa sababu mimi nilikuwa nakufukuza kwenye magunia usivute vumbi. Mkono wa kushoto unakwama. Mimi ni mzima.

Sufu ya wateja nimeikataa. Siwezi kuwalisha wanao jasho la watu nisiowajua. Nimefuma sweta la kijani kwa nyuzi zilizobaki za ile kazi ya shule, na nimelivaa mwenyewe. Siku kumi, mchana kutwa, kwenye joto hili. Nimepika nalo, nimepiga pasi nalo, nimebeba maji nalo, nimepanda ngazi za duka la nyuzi mara nne bila shughuli yoyote huko juu. Siku ya tatu Fundi Vifungo alisogeza kiti chake. Siku ya sita akasema, "Mama Kwanini, nimekuheshimu miaka kumi na minne, lakini leo nakaa nje." Nikamwambia kaa, mimi nina watoto thelathini na wanne wanasubiri kula. Mwalimu mstaafu alinishauri nimwone daktari.

Sijalifua. Mikono iliniwasha, mara mbili nilifika nalo kwenye beseni, nikarudi. Pindo nimeliacha wazi uone mwenyewe kwamba ndani hamna kitu. Mkebe wa vidonge nimeupeleka kwa mwenye duka la nyuzi, na kabla ya kufunga kifurushi nimeosha mikono kwa sabuni mpaka ngozi ikasinyaa. Mwambie Mpishi safari hii akiweke mahali popote atakapo.

Waanzishie kola. Huko ndiko nilikofanya kazi zaidi.

Kitanda nimekitandua, nguo za wateja nimezirudisha. Usinielewe vibaya. Bado naomba kila jioni, ila nimebadilisha maneno.

Mama yako


Tarehe 31 Agosti

Mama, shikamoo.

Walikuja juzi, watu watatu na viatu visivyofaa kilima. Niliwaonyesha viota, kisha kabati. Viwavi kumi na tisa walikuwa wamekwisha kujifumia. Vifuko vya mwanzo ni vya kijivu. Kimoja ni nusu kijivu nusu kijani, kama cha fundi aliyeishiwa uzi katikati ya kazi. Vilivyobaki vyote ni kijani, mama, kijani cha sare ya shule, kwenye kisiwa kisicho na shule. Mkubwa wao aliinamia mlango wa kabati, akanusa, akauliza tunatumia dawa gani. Mpishi akamjibu, "Mama yake." Yule bwana alikuwa anaandika, akasita, akauliza aandikeje hapo.

Kalamu ikiwa bado mkononi mwake, mmoja akatoka. Akapanda juu ya kilichobaki cha kola yako, akasimama akikausha mabawa. Viraka viwili vya njano begani. Hadi leo asubuhi wametoka tisa, na kwenye kwapa la kushoto kuna mayai.

Kilima kimeachwa. Kituo nacho kimeongezewa miaka mitatu. Najua unachokisoma hapo, mama. Nitakuja Desemba nikae mwezi mzima, nawe utapanga maneno yako ya jioni upendavyo.

Ndani ya bahasha kuna boksi la kiberiti, lifungue taratibu. Ni kifuko kimoja kitupu. Nimeona kazi yako ikurudie.

Unajisikiaje? Kweli kweli?

Kwanini


Tarehe 14 Septemba

Mwanangu Kwanini,

Kimefika hakijapondeka. Miaka mitatu nimeisoma pia. Desemba uje na nguo zako zote chafu, usiache hata soksi.

Nilikitandikia kitambaa cheupe, nikavaa miwani, nikakikagua kama ninavyokagua kazi ya mwanafunzi. Ufumaji ni mzuri. Umekazwa sawa pande zote, na hakuna fundo hata moja, jambo ambalo mimi mwenyewe siliwezi. Nyuzi zangu nimezitambua. Kosa nililiona moja tu, mwisho mmoja uko wazi na nyuzi zinaning'inia. Nikamwonyesha Fundi Vifungo. Nikamwambia, tazama, kazi nzuri namna hii, halafu mtu anashindwa kumalizia.

Akakisogeza kwenye mwanga wa dirisha, akakigeuza kwa ncha ya sindano, akakiangalia kwa muda. Kisha akasema, "Angefungaje, Mama Kwanini, na yeye alikuwa anatoka?"

Mimi nilikuwa nimekwisha kutunga uzi wa kijani. Nimeuchomoa, na sindano nimeirudisha kwenye mkebe.

Mama yako